Filamu ya Pili: Kwa Waigizaji Mnaokitaka Kiti cha Mwongozaji

Wadogo zangu, kila mnaponijia na miswada yenu, swali la kwanza huwa ni kamera gani itumike, la pili ni nani atakuwa nyota, na la tatu ni bango lichapwe lini. Hakuna hata mmoja aliyewahi kuniuliza ni nani atakayeimiliki filamu hiyo itakapokwisha, wala yeye mwenyewe atakuwa anafanya nini mwaka mmoja baada ya usiku wa uzinduzi. Juzi nimemwona mwigizaji mwingine hodari, ambaye nampenda kama mdogo wangu wa tumbo moja, akimkabidhi diski zote za kazi yake mtu aliyemkopesha fedha za mafuta ya jenereta, bila karatasi, bila sahihi, bila shahidi. Jambo hili nimelisema kwa mdomo mpaka nimechoka, kwa hiyo leo naliandika, na anayetaka kukasirika akasirike akiwa amekwisha kusoma.

Nilikwenda kusomea uongozaji mjini Helsinki baada ya kuwa mwigizaji nyumbani kwa muda mrefu, ndiyo maana mifano yangu mingi inatoka Ufini. Historia ya filamu ya nchi ile ni fupi kiasi cha mtu kuweza kuitazama yote kwa pamoja, na ndani yake wapo wanawake walioanza mbele ya kamera kisha wakavuka kwenda nyuma yake. Ukiwapanga kwa miaka utaona waziwazi mahali ambapo njia yao hukatika, nako ni kati ya filamu ya kwanza na ya pili.

1. Panga filamu ya pili kabla hujaanza ya kwanza.

Glory Leppänen alizaliwa mwaka 1901, binti wa Aino Ackté, mwimbaji wa opera aliyetamba Paris na London, na ambaye mwaka 1912 alishiriki kuanzisha tamasha la opera ndani ya ngome ya Olavinlinna, katika mji wa Savonlinna. Kwa hiyo binti huyu alikulia katika nyumba ambamo msanii hakungoja kuitwa. Aliandaa mwenyewe jukwaa la kuimbia. Akawa mwigizaji, akaongoza michezo ya jukwaani, na mwaka 1936 akaongoza Onnenpotku, filamu ndefu ya kwanza ya Ufini kuongozwa na mwanamke. Watu huikumbuka tarehe hiyo na kuishangilia, nami pia naishangilia, lakini wanafunzi wangu husahau kuuliza swali linalofuata: ya pili iko wapi? Haipo. Filamu ilikuwa mali ya waliotoa fedha, na nafasi ya kuongoza nyingine ilikuwa mikononi mwao pia.

Miaka 25 baadaye, mwaka 1961, mwigizaji na mcheza dansi Ritva Arvelo akaongoza Kultainen vasikka, iliyotokana na mchezo wa kuigiza wa Maria Jotuni kuhusu watu wanaokimbilia utajiri wa haraka wakati wa vita. Chaguo zuri, hadithi inayojulikana, mwandishi anayeheshimiwa. Sasa tazameni mambo yaliyokuwa yakimngoja. Televisheni ilikuwa imeshaanza kuwabakiza watazamaji sebuleni kwao. Mwaka 1963 chama cha waigizaji wa Ufini kikaanzisha mgomo dhidi ya kampuni za filamu, na mgomo huo ukaendelea hadi 1965, mwaka uleule ambao Suomen Filmiteollisuus, mojawapo ya kampuni kubwa kabisa za nchi hiyo, ilifilisika. Taasisi ya kutoa fedha za umma kwa ajili ya filamu ilianzishwa mwaka 1969. Mtu aliyekuwa na kipaji cha kuongoza mwanzoni mwa miaka ya 1960 alijikuta mlango mmoja umefungwa na wa pili haujajengwa. Sisemi waigizaji walikosea kugoma; ningekuwapo ningegoma nao. Nasema kwamba mwongozaji ambaye ana filamu moja tu mkononi, tena ya mwajiri, hana mahali pa kujishikiza siku ambayo soko linayumba, na soko letu sisi huyumba kila baada ya uchaguzi.

2. Jina lako liandikwe kabla kamera haijawashwa.

Mwaka 1952 ilitoka Valkoinen peura, hadithi ya mwanamke wa Lapland, kaskazini kabisa mwa Ufini, anayegeuka kuwa kulungu mweupe na kuwaangamiza wawindaji. Mwaka uliofuata ikapata tuzo katika tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, ambako jopo la waamuzi liliongozwa na Jean Cocteau. Mirjami Kuosmanen ndiye mhusika mkuu, na ndiye aliyeuandika muswada pamoja na mumewe, Erik Blomberg. Mume akaandikwa mwongozaji na mpiga picha. Mimi nimeitazama filamu ile mara nyingi, na kwa maoni yangu nusu ya nguvu yake imo katika jinsi mwili wa mwanamke yule unavyojua kamera iko wapi na inataka nini, jambo ambalo haliwezi kuamriwa na mtu aliye nyuma ya lenzi peke yake. Lakini maoni yangu hayaandikwi kwenye orodha ya majina.

Linganisheni na Ida Lupino, mwigizaji Mwingereza aliyekuwa nyota Hollywood. Mwaka 1949, mwongozaji wa filamu ya Not Wanted aliugua moyo mara tu kazi ilipoanza. Lupino akashika usukani, akaongoza mpaka mwisho, na akaliacha jina la mzee yule libaki kwenye filamu. Uungwana huo aliumudu kwa sababu alikuwa mmoja wa waandishi na watayarishaji, na kazi iliyofuata ilikuwa mikononi mwake. Ninyi mnaojitolea kuongoza kwa niaba ya kaka fulani aliyelala hotelini, kisha mnasema “si neno, tutajuana mbele,” kazi inayofuata iko mikononi mwa nani?

3. Usijiongoze mwenyewe katika filamu ya kwanza.

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu ndipo nilipoumia, na kwa sababu kila mwaka naona mtu mwenye kipaji kuliko mimi akienda kuumia mahali palepale huku akiniambia, “Lakini Dada, hakuna mwingine anayemjua mhusika huyu kama mimi.”

Nami nilisema hivyohivyo. Filamu yangu ya kwanza ilimhusu binti anayerudi nyumbani baada ya msiba kudai nyumba ya baba yake, na shangazi yake, aliyemlea, hataki kuitoa. Nusu ya filamu ni watu wawili mezani. Niliuandika muswada, nikatafuta fedha, nikajipa nafasi ya binti, nikajiteua kuwa mwongozaji, na kwa kuwa sikumwamini mtu yeyote na mkoba, nikawa pia mtayarishaji. Kwa nafasi ya shangazi nilimpata mama mmoja mkongwe wa michezo ya redio, mtu ambaye akisema “karibu” unajua kama umekaribishwa au umefukuzwa. Yeye aliniita mwanangu, nami nilimwita Mama, na heshima hiyo ndiyo iliyotuponza sote wawili.

Tulipokuwa tukirekodi, kila teki iliyokwisha nilimgeukia msaidizi wangu na kumwuliza imekuwaje. Alikuwa kijana mwema, aliyekuwa akitegemea posho niliyokuwa nayo mfukoni, na jibu lake halikubadilika hata siku moja: “Imekaa vizuri sana, Dada.” Mpiga picha alikuwa akiangalia kama picha iko wazi na kama kivuli cha maiki kimeingia. Jioni nilipozipitia shoti nilitazama taa, nikatazama kama kikombe kimebaki mkono uleule, nikamtazama Mama, nikafurahi. Uso wangu sikuutazama. Niliona aibu kujitazama mbele ya watu, na nilijiambia kwamba huo ndio unyenyekevu.

Kisha tukaingia chumba cha uhariri. Mhariri alikaa na kazi peke yake kwanza, kama ilivyo kawaida, halafu akanipigia simu na kuniomba nifike nikiwa nimekula. Nilipofika alinipa kiti, akazima sauti, akanionyesha tukio kubwa la mezani, lile ambalo kwa ajili yake filamu yote ilikuwa imeandikwa. Mama anazungumza. Mimi, binti mwenye uchungu, namsikiliza. Na midomo yangu inacheza. Kila neno alilolisema Mama, midomo yangu ililisema pamoja naye, bila sauti, herufi kwa herufi, kwa sababu niliuandika muswada mwenyewe na nilikuwa nikihakikisha kwamba hajaruka kitu. Alipofika mwisho wa sentensi ngumu na kuipatia, binti mwenye uchungu alitikisa kichwa kidogo, kama mwalimu aliyeridhika. Baada ya hapo macho yake yalikwenda pembeni, kwa mshika maiki, kuona kama naye amemaliza.

Nikamwambia mhariri alete teki nyingine. Akaleta. Akaleta tukio lingine, la uani, na la kwenye basi. Katika filamu nzima mwongozaji alikuwa amevaa nguo za binti na kusimama mahali pa binti, na binti mwenyewe hakuwahi kufika kazini. Sitawaeleza nilivyorudi nyumbani siku ile.

Mhariri alifanya alichoweza. Aliuondoa uso wangu kila Mama alipozungumza, akaweka kisogo changu, akaweka mkono wangu na kikombe, akaweka mlango, akaweka paka aliyepita uani kwa bahati. Filamu ikawa ya mwanamke mzee anayezungumza na kisogo. Kituo kimoja cha televisheni kilichokuwa kimeonyesha nia ya kuinunua kiliandika kuuliza, kwa adabu kabisa, kwa nini mhusika mkuu haonekani, kisha hakikuandika tena. Mjomba wangu, aliyenikopesha fedha kutoka kwenye mzunguko wa duka lake, hakunidai hata siku moja. Aliacha tu kunitajia habari za duka. Wafanyakazi wangu nilikuwa nimewaahidi nusu ya malipo baada ya mauzo, na mauzo hayakuwapo. Nilipopata muswada mwingine, mzuri kuliko ule, nikaanza kupiga simu: mpiga picha alikuwa safarini, mtu wa sauti akasema tutaongea, na yule msaidizi wa “imekaa vizuri” alikuwa amebadilisha namba. Hivyo ndivyo filamu ya pili inavyokufa, na hakuna anayekuja kukupa pole, kwa kuwa hakuna anayejua kwamba ilikuwapo.

Mwishowe nilikwenda kwa Mama kuomba radhi, nikamwuliza kwa nini hakuniambia, maana alikuwa ameketi mbele yangu na alikuwa akiiona midomo yangu siku zote zile. Akanyamaza kwanza. Kisha akasema, “Mwanangu, nilidhani unanishikia maneno nisije nikayasahau. Nikasikitika, nikajiambia, kumbe huyu mtoto ameniona nimezeeka.” Alikuwa ameigiza filamu nzima akiamini kwamba ninamdharau, na bado aliigiza vile. Filamu yangu ya pili ilipokuja, baada ya miaka, nilimwandikia yeye nafasi ya mbele nami sikuingia katika shoti hata moja, wala kama mpita njia.

Lupino, ambaye alikuwa nyota kabla wengi wetu hatujazaliwa, alijipa nafasi kubwa katika filamu aliyoiongoza ilipofika The Bigamist, mwaka 1953, akiwa ameshaongoza nyingine kadhaa. Ninyi mnataka kuanzia hapo. Kama ni lazima, basi mtafuteni mtu mzima, asiyewategemea kwa posho, akae kwenye monita na awe na ruhusa ya kuwaambia kwamba mmeharibu.

4. Mwigizaji usimwigizie, mwambie mhusika anataka nini, kisha nyamaza.

5. Katika kila lokesheni rekodi ukimya wa mahali pale, wa kujazia sauti wakati wa uhariri, kabla watu hawajaanza kufungasha, hata kama dereva anapiga honi.

6. Nakala tatu za kila diski, katika nyumba tatu zisizo za ukoo mmoja.

7. Chakula cha seti kilipwe kabla ya nguo za nyota.

8. Usambazaji ni kazi ya watu wengine, ila mkataba wake usome mwenyewe.

Lupino na mumewe wa wakati ule, Collier Young, walikuwa na kampuni iliyoitwa The Filmakers. Walitengeneza filamu kwa bajeti ndogo kwa kipimo cha Hollywood, wakirekodi katika mitaa halisi na kuchukua mada ambazo studio kubwa zilizikimbia: mimba za wasioolewa, ubakaji, mke wa pili aliyefichwa. Studio ya RKO ndiyo iliyokuwa ikizisambaza kadhaa kati ya hizo. Ndoa ilivunjika mwaka 1951, lakini kampuni haikuvunjika. Katika The Bigamist, Young ndiye mwandishi na mtayarishaji, Lupino anaongoza na kuigiza, na mke mwingine wa hadithi anaigizwa na Joan Fontaine, ambaye wakati huo ndiye aliyekuwa mke wa Young. Talaka wangeweza kuivuka, basi. Kilichowashinda ni uamuzi wa kusambaza filamu wenyewe. Fedha za kutengenezea zikaingia kwenye kuchapisha nakala, kukodi kumbi na kufuatilia malipo, na katikati ya miaka ya 1950 kampuni ikafunga kazi. Lupino akahamia televisheni, akaongoza vipindi vya aina zote, ikiwamo kimoja cha The Twilight Zone mwaka 1964, naye ndiye mwanamke pekee aliyeongoza katika mfululizo ule wa awali. Kwenye seti zake walimwita Mama, na nyuma ya kiti chake pakaandikwa kwamba yeye ni mama yetu sote. Ninyi mnaochukia kuitwa “Mama” mkiwa na miaka 30, jueni kwamba wapo walioutumia wito huo kuendesha seti iliyojaa wanaume wenye sigara, na shoti zikakamilika kwa wakati.

Nawatajia kampuni ile kwa sababu naona vijana watatu sasa hivi, nikiwahesabu walio karibu nami tu, wanaotaka kuanzisha mtandao wao wa kuuzia filamu kabla hawajawa na filamu mbili za kuuza.

9. Sajili kampuni, au mtafute mwenye kampuni unayemwamini.

Katika Ufini, msaada wa fedha za umma wa kutengeneza filamu huombwa na kampuni ya utayarishaji. Mwigizaji mwenye jina kubwa na muswada mzuri hawezi kuingia na bahasha yake, akatoka na fedha za kurekodi. Sharti awepo mtayarishaji anayebeba dhamana, anayetoa bajeti inayosomeka na anayeweza kudaiwa. Tangu 2017 kuna pia utaratibu wa kurudishiwa hadi asilimia 25 ya gharama zilizotumika nchini humo, na huo nao unapita kwa kampuni. Nilipofika nilidhani huu ni urasimu wa watu wa baridi. Baadaye nilielewa kwamba anayejaza fomu ndiye anayebaki na haki za filamu, na anayebaki na haki ndiye anayeweza kwenda benki au kwa mshirika wa nje kuombea filamu inayofuata. Ndiyo maana mwigizaji anayevuka kwenda kuongoza, kisha akavuka tena kwenda kutayarisha, anafanya jambo zito kuliko lile la kwanza, ingawa hapigwi picha akilifanya.

Mtayarishaji pia ndiye anayefikiria jua. Helsinki mwezi wa Desemba jua huonekana kwa muda usiofika saa sita, na mwezi wa Juni linakaribia kukaa saa 19. Mgeni akifika Juni hushikwa na wazimu: mwanga upo, kwa nini tusiendelee? Nilikuwa katika seti moja ya wanafunzi ambapo mwongozaji, mwigizaji wa zamani mwenye mapenzi makubwa na kazi, alitaka shoti moja tu zaidi, halafu nyingine, halafu nyingine, na mwanga ukawa haukatai. Mtu wa taa, ambaye alikuwa mtu wa maneno machache, alivua glavu zake, akazilaza juu ya sanduku, akasema kwa Kifini jambo fupi ambalo hakuna aliyenitafsiria, akaondoka zake kwa baiskeli. Kazi ikaisha hapo. Mwigizaji huzoea kuambiwa saa ya kupumzika na mtu mwingine. Ukishakuwa mwenye seti, mtu huyo mwingine ni wewe, na kuchoka kwa watu wako kunaanza kabla ya kuchoka kwako, kwa kuwa wao hawaoni filamu iliyo kichwani mwako.

10. Gazeti baya lisikukute huna kazi nyingine mezani.

Mai Zetterling wa Uswidi, mwigizaji aliyeanza kujulikana mwaka 1944 katika filamu iliyoandikwa na Ingmar Bergman, alihamia Uingereza, akajifunza kuongoza kwa kutengeneza filamu za hali halisi za televisheni, ikiwamo moja kuhusu Wasami, wenyeji wa asili wa kaskazini, kisha akarudi na filamu ndefu: Älskande par 1964, Nattlek 1966, Doktor Glas na Flickorna 1968. Flickorna, inayohusu waigizaji watatu walio katika ziara na mchezo wa kale wa wanawake wanaowagomea wanaume zao ili vita vikome, ilishambuliwa vikali na wahakiki, na filamu yake ndefu iliyofuata nchini Uswidi ni Amorosa, ya 1986. Leo Flickorna inafundishwa vyuoni. Hilo ni jema kwa vyuo. Jambo lililomwokoa Zetterling mwenyewe ni kwamba alijua kufanya kazi ndogo: filamu za hali halisi, kazi za televisheni, vitabu, na filamu moja ndefu ya wasichana gerezani aliyoiongoza Uingereza mwaka 1982. Ninyi mnaona haya kuongoza tangazo la sabuni. Mimi nimeongoza matangazo ya sabuni, na mishahara ya filamu yangu ya pili ilitoka humo.

11. Mtaji wako ni watu unaojua wanaweza kufanya nini.

Katika kizazi cha sasa cha Ufini namfuatilia zaidi Pamela Tola, aliyezaliwa 1981 na kufahamika kwa Tyttö sinä olet tähti, filamu ya 2005, akaendelea kuigiza kwa miaka mingi kabla ya kuongoza Swingers mwaka 2018. Mniulize sasa: ya pili iko wapi? Ipo, ni Teräsleidit, ya 2020, na huyo ni mwigizaji aliyevuka pale ambapo wengine walikwama. Alishirikiana kuandika na Aleksi Bardy, mtu mwenye uzoefu mkubwa wa utayarishaji, wala hakujaribu kuwa kila kitu. Na tazameni aliwapa akina nani nafasi za mbele: Leena Uotila, Saara Pakkasvirta na Seela Sella, mwanamke mmoja wa miaka zaidi ya 80 na wawili waliopita 70. Mhusika mkuu, bibi wa miaka 75, anampiga mumewe kikaango kichwani, anaamini amemwua, na badala ya kwenda polisi moja kwa moja anasafiri kwa gari na dada zake.

Mwongozaji ambaye hakuwahi kuigiza anaweza kuwaona bibi hao kama wapita njia katika tukio la harusi. Mwigizaji aliyekaa nao chumba cha kuvalia, akawasikia wakitaniana huku wakingoja kuitwa kwa ajili ya mistari miwili, anajua kuna nguvu gani inayokaa bure pale. Hiyo ndiyo faida yetu hasa tunaotoka upande wa kuigiza, na siioni katika miswada mnayoniletea. Humo bibi hana kazi ila kukohoa kitandani, kumwita mjukuu, kutoa siri nusu, na kufa kabla ya ukurasa wa kumi na tano. Katika simu zenu mna namba za akina mama waliowahi kukohoa kitanda kile katika filamu za watu wengine. Wapigieni, muwaulize wangetaka kufanya nini badala yake, kisha mkae kimya muandike wanachosema.